Chanuo la meno mapana, brashi ya kutatua mafundo au vidole: kipi kwa kichwa kipi?

MamaWawili (Tanga)

Habari za jioni wadau. Nina mabinti wawili, baba mmoja mama mmoja, ila vichwa vyao utadhani si ndugu. Mkubwa ana miaka 9, amechukua nywele zangu: kipilipili hasa, ukizivuta zinagusa bega, ukiziachia zinarudi sikioni. Mdogo ana miaka 6, amefuata upande wa bibi mzaa baba, nywele laini za mawimbi zinazolala mgongoni. Shule yao inaruhusu kusuka, kwa hiyo kila Jumamosi ni siku ya nywele.

Jumamosi iliyopita nilimfumua mkubwa rasta alizokaa nazo wiki 6. Nikapitisha chanuo. Nywele zilizobaki mkononi zilijaa kiganja. Mtoto analia, na mimi machozi yananilenga, nikajua nimemharibia kichwa.

Ndani nina chanuo la plastiki la meno mapana, nina brashi ya kutatua (ile isiyo na mpini, meno yake yanapinda) ambayo wifi yangu alituletea kutoka Uingereza, na nina shanuo la mti la marehemu bibi. Saluni niliyoenda wakaniambia vyote niweke kando, nitumie vidole tu. Naomba aliyetumia kweli aniambie: kipi kwa kichwa kipi, na nywele ziwe zimelowa au kavu?

MsusiKariakoo

Pole dada. Kabla ya chanuo tuzungumzie hicho kiganja, maana naona ndicho kilichokutia hofu.

Kichwa cha mtu mzima hudondosha nywele kati ya 50 na 100 kila siku, ni kawaida yake. Zikiwa zimesukwa hazina pa kwenda, zinabaki humo humo ndani ya rasta. Wiki 6 ni siku 42. Hata ukichukua ile 50 ya chini, ni nywele 2,100 zinakungoja siku ya kufumua. Mtoto anaweza kuwa na pungufu, lakini kiganja kujaa hakunishtui.

Kinachonipa wasiwasi mimi ni aina ya nywele ulizoziona. Zichukue uzilaze juu ya karatasi nyeupe. Uliodondoka wenyewe ni mrefu kama wenzake kichwani, na upande mmoja una kidoa cheupe kama kichwa cha pini. Uliokatika ni kipande kifupi, hauna kidoa. Vipande vifupi vikiwa vingi, hapo mkono wako au chanuo lako lina kosa.

Kwa mkubwa, usichane kavu. Kamwe. Unywele wa kipilipili si wa mviringo kama uzi, umebonyea kama utepe, na kila unapojikunja hapo ndipo palipo dhaifu. Mafuta ya ngozi ya kichwa nayo hayasafiri kupita kona zote hizo, kwa hiyo ncha zinakaa kavu siku zote. Mwagia maji, paka kondishna mpaka uteleze, gawa mafungu 6 au 8, kila fungu libane. Anza na vidole, fumbua mafundo makubwa, ndipo chanuo lifuate. Ncha kwanza, kisha katikati, mwisho shina. Na mkono wa kushoto ushike unywele juu ya fundo, ili ukivuta uvute mkono wako na si ngozi ya mtoto. Hilo la mwisho peke yake linapunguza kilio nusu.

Bahari_Muscat

Kwa huyo mdogo mambo ni kinyume, shoga, sikiliza vizuri.

Mimi mzaliwa wa Unguja, naishi Muscat, nywele zangu singa mpaka kiunoni. Miaka mingi nilikuwa natoka kuoga, nashika brashi, nazichana zikiwa zinachuruzika. Nikawa nashangaa kwa nini ncha zinapasuka na hazipiti hapo zilipo. Unywele ukilowa, viungo vidogo vinavyoushika ndani huachia, unakuwa unavutika kama mpira. Ukiuvuta kupita kiasi haurudi. Wenye singa tungoje nywele zikauke nusu ndipo tuchane.

Mwanao ni wa mawimbi, yuko katikati. Mchanie bafuni na kondishna ikiwa bado kichwani, kwa chanuo la meno mapana, polepole. Suuza, kausha kwa fulana ya pamba badala ya taulo, basi. Zikishakauka usipige brashi, mawimbi yanafumuka yanakuwa kama pamba iliyochambuliwa.

Lile la kupiga brashi mara 100 kabla ya kulala mwambie anayekushauri aliache. Kuchana sana ni kukwangua unywele tu.

Jambo jingine kwa Waislamu wenzangu: brashi nyingi za manyoya zinazosifiwa kwa kusambaza mafuta kwenye singa ni za manyoya ya nguruwe. Ulizeni dukani kabla ya kulipa. Zipo za nailoni laini zinazofanya kazi hiyo hiyo.

Kichwa4C (Nairobi)

Ninaomba kutofautiana kidogo na msusi kuhusu brashi, kwa sababu hajaigusa.

Nimetumia brashi ya kutatua miaka miwili. Faida yake ni muda: kichwa changu kwa chanuo ni karibu saa nzima, kwa brashi dakika 20. Kwa mama anayefanya kazi hilo si jambo dogo. Ila ncha zangu zilianza kuwa nyembamba, na nikatambua sababu. Meno yake ni mafupi na yako karibu karibu. Kwenye nywele nene za kubana yanateleza juu juu, shina halifikiwi, halafu fundo linalosukumwa chini linajikaza mwishoni. Hapo ndipo linakatwa.

Sasa natumia vidole kwanza, chanuo la pili, na brashi mwisho kabisa kama nataka kulaza nywele kabla ya kusokota. Sijaitupa.

Kwa anayejiuliza hii 4C ninayojiita: mpango wa kugawa nywele kwa namba ulitoka kwa Andre Walker, msusi wa Oprah Winfrey, miaka ya 1990. Hiyo C ya kwetu wa kubana sana iliongezwa na watu baadaye. Usiufuate kama sheria, kichwa kimoja kinaweza kuwa na aina tatu. Kisogoni kwangu na mbele ni nywele mbili tofauti kabisa.

JumaTele

Mbona mnanichanganya? Mmoja anasema unywele ukilowa ni dhaifu, mwingine anasema usichane ukiwa mkavu. Mke wangu ni kipilipili, nimshike wapi?

MsusiKariakoo

Swali zuri kaka, na wote wawili tuko sahihi. Maji yanaulegeza unywele wowote. Lakini kipilipili kikavu kimeshikana koili kwa koili, nguvu unayotumia kupitisha chanuo ni kubwa mno, kinakatika kwa nguvu hiyo. Kikilowa na kupakwa kondishna, koili zinalegea, chanuo linapita kwa nguvu ndogo. Udhaifu upo, ila huuvuti sana. Singa haina koili za kushikana, kwa hiyo haina faida hiyo, inabaki na udhaifu tu. Madaktari wa ngozi wa Marekani nao wanashauri hivyo hivyo: nywele za kujikunja zichanwe zikiwa na unyevu, zilizonyooka zingoje zikauke kidogo.

Na Kichwa4C, nimekuelewa, nakubali. Saluni ninayo hiyo brashi, wateja wa mawimbi ndio wanaoifurahia.

DawaTangu2011

Msitusahau wenye dawa ya kunyoosha nywele. Sisi tuna vichwa viwili kwa kimoja: shina jipya la kipilipili na ncha iliyonyooka. Vinapokutana ndipo panapokatika, hasa wiki ya 8 na kuendelea. Mimi shina silipitishii kitana hata siku moja, napapasa kwa vidole tu, chanuo naanzia pale ilipoanza dawa.

Na siku moja au mbili kabla ya kupaka dawa usikwangue kichwa, usijikune kwa chanuo. Nilifanya hivyo mwaka fulani, kila mchubuko ukaungua. Nililala kifudifudi siku tatu.

Muuguzi_Temeke

Nawashukuru wote kwa elimu hii. Niongeze upande wa vichwa vinavyoumwa, kwa sababu kuna vichwa havitakiwi kuchanwa kama vingine.

Kwanza mapunye. Mtoto akiwa na kiduara kisicho na nywele, kina magamba, au vinyweleo vimekatika vimebaki vidoa vyeusi, chanuo lake lisiguse kichwa cha mwingine. Hata kofia na mto. Nimeona nyumba ya watoto wanne wote wameambukizana kwa kitana kimoja. Malhamu peke yake haitoshi, kuvu wamo ndani ya shina la unywele. Inatakiwa dawa ya kumeza kwa wiki kadhaa, kwa maelekezo ya daktari. Vitana vioshwe kwa sabuni na maji moto, vya bei rahisi vitupwe.

La pili linaniuma zaidi kwa sababu tunalifanya kwa upendo: kumkwangulia mtoto mba kwa ncha ya kitana. Magamba yanatoka kweli, lakini na ngozi inachubuka, na mba inarudi. Mba inaondolewa kwa kuosha, kuna shampuu zenye ketokonazoli duka la dawa. Ipake, ikae dakika chache, suuza. Hakuna haja ya kukwangua.

MamaWawili, angalia nywele za mbele na juu ya masikio za huyo mkubwa. Mtoto akimaliza kusukwa halafu hawezi kulala kwa maumivu, au vinatoka vipele vidogo kwenye mstari wa mbele, msuko umekaza mno. Ukiulegeza mapema nywele zinarudi. Ukiendelea miaka, mashina yanakufa kwa kovu, hapo hakuna mafuta ya mnyonyo yatakayoziotesha.

Waliojifungua: mwezi wa 3 hivi nywele zikianza kudondoka kwa mafungu, usijilaumu wala usibadilishe chanuo. Ni homoni, kwa wengi mambo yanatulia ndani ya mwaka. Mgonjwa wa saratani aliye kwenye dawa, nywele huanza kutoka wiki ya 2 hadi ya 4. Kwake tumia brashi ya mtoto mchanga, laini kabisa, na kama anataka kunyoa kabla hazijatoka, mpe nafasi hiyo aamue yeye.

BintiLamu

Hakuna aliyejibu kuhusu shanuo la bibi! Usilitupe, dada yangu.

Meno yake marefu ndiyo yanafika shina la nywele nene, plastiki nyingi haziwezi. Kosa la plastiki ya bei ndogo ni mshono: pitisha ukucha kati ya meno utasikia ukingo mkali pale kalibu mbili zilipokutana. Ukingo huo unakwaruza unywele kila unapopita. Shanuo la mti lililosuguliwa vizuri halina ukingo. Ila mti nao ukikauka unapasuka, na ufa unanasa nywele. Chukua kitambaa chepesi cha mtandio, kipitishe kwenye meno. Kikinasa popote, pasugue kwa msasa laini, kisha upake mafuta ya nazi. Na usiliache ndani ya maji, lifute tu.

Mama yangu alikuwa akitufunga nywele kwa uzi usiku, asubuhi zimenyooka bila moto wowote, shanuo linapita kama kwenye maji. Jaribu kwa huyo mkubwa, ila uzi usikaze kwenye shina.

MamaWawili (Tanga)

Nimerudi baada ya Jumamosi mbili. Nimewasoma kila mmoja, na nimefanya kama mlivyosema.

Jumamosi ya kwanza kichwa cha mkubwa nilikigawa katikati. Kulia vidole kisha chanuo, kushoto brashi, pande zote maji na kondishna, nikakusanya nywele kwenye karatasi nyeupe mbili. Kulia nilitumia dakika 35 na vipande vifupi vilikuwa 11. Kushoto dakika 15, vipande vifupi 46. Nilihesabu moja moja na mume wangu akinisaidia. Zile ndefu zenye kidoa cheupe zilikuwa karibu sawa pande zote. Kwa hiyo kile kiganja cha siku ile sehemu kubwa ilikuwa nywele zilizokwisha kudondoka zamani. Moyo wangu umetulia.

Plastiki yangu ina mshono, BintiLamu, niliusikia kwa ukucha. Jumamosi ya pili nikatumia shanuo la bibi baada ya vidole, vipande 8. Brashi nimempa mdogo, bafuni na kondishna. Najua mlisema chanuo, lakini kwake inapita bila kunasa na hakuna vipande nilivyoviona.

Nimegundua na jambo jingine. Maji yetu ni ya kisima, yana chumvi, nywele zinakuwa ngumu hata baada ya kondishna. Nimesuuzia mara ya mwisho kwa maji ya mvua niliyokinga, tofauti niliisikia mikononi.

Muuguzi, mbele ana vipele vitatu. Nimemwambia dada anayemsuka alegeze, amenielewa.

Mkubwa hakulia. Alinyoosha mkono akasema, "Mama, ncha nizichane mwenyewe." Nikamwachia. Swali langu la mwisho: akilala bila rasta nimfungeje ili asubuhi nisianze upya?

MsusiKariakoo

Mabutu manne au matano makubwa, yakiwa na unyevu kidogo, ncha uzipake mafuta. Juu yake kitambaa cha satini, pamba inanyonya mafuta na kuzisugua. Asubuhi usichane, fungua mabutu kwa vidole. Kuchana ni Jumamosi tu.

MamaWawili (Tanga)

Satini ninayo, bitana ya gauni la zamani. Nakata leo.