Mzee wa Ismani kagoma kurekodiwa, naombeni ushauri

Kamwene wakuu. Niko Iringa mjini nasoma masters ya historia, tasnifu yangu inahusu wakulima waliopinga ujamaa vijijini kule Ismani, si mnakumbuka ile Krismasi ya 1971 mkuu wa mkoa Dk. Klerruu alivyopigwa risasi na mkulima Mwamwindi. Sasa nimepata mzee alikuwa kijana enzi hizo, anasimulia mpaka ugali unapoa, ila nikitoa tu simu anakunja uso, "zima kwanza hicho kidude mwanangu, nina wajukuu mimi". Narudi na bodaboda najirudia maneno yake kama chizi nisisahau, na msimamizi wangu anataka rekodi. Nimpe jina la bandia au niende tu kuchimba mafaili Nyaraka za Taifa Dar? Na hii fani inalipa kweli jamani, maana mjomba kila siku ananiita nikalime nyanya Ilula.