Kusugua mifupa jukwaani: sanaa au kuvunja mwiko?

Swali (Iringa mjini)
Wanajukwaa, habari za jioni. Kijana mmoja wa kikundi chetu anataka kuketi mbele ya watu akisugua mifupa ya ng'ombe yenye damu huku akiimba nyimbo za msiba za Kihehe. Wazo amelitoa kwa Marina Abramović, msanii wa maonyesho mzaliwa wa Belgrade, ambaye mwaka 1997 huko Venice alisugua rundo la mifupa ya ng'ombe kwa siku nne, kwa muda wa saa sita kila siku, akiimba nyimbo za kwao. Wazee tuliowadokeza wamekunja uso. Je, mwiko ukivunjwa kwa ajili ya sanaa umevunjwa kweli, au ni maigizo tu?

Jibu (Mbeya)
Ndugu, Abramović hakuazima msiba wa jirani. Vita vilikuwa vimeisambaratisha Yugoslavia, nchi aliyozaliwa, na damu isiyokubali kutoka hata ukisugua namna gani ndiyo iliyokuwa hoja yake. Mifupa ile ilioza kwa joto la kiangazi, ikatoa funza, na watazamaji wakavuta uvundo wake watake wasitake. Kijana wenu anaosha msiba gani? Kama aliipenda video ya onyesho lile tu, basi asubiri.

Jibu (Kalenga)
Naafiki kwa sehemu. Hapa kwetu fuvu la Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, lililorudishwa kutoka Ujerumani mwaka 1954, limo ndani ya makumbusho na wageni huja kulitazama, kwa hiyo sidhani kwamba wazee wanashtushwa na mifupa, tena ya ng'ombe, inayopatikana bucha lolote. Shaka yangu iko kwenye nyimbo. Katika tambiko hakuna mtazamaji: kila aliyepo ana nafasi yake katika ukoo, na ndiyo maana wimbo unaoimbwa pale una wenyewe. Mkiwauzia watu tiketi wausikilize, mmeutoa mahali pake bila ya kuwauliza wenyewe.

Jibu (Mafinga)
Mkumbuke na usalama. Mwaka 1974 huko Naples, Abramović huyo huyo aliweka mezani vitu 72, bastola na risasi vikiwemo, akawaruhusu watu wamtendee watakavyo kwa saa sita. Walimchania nguo, wakamkata ngozi, na mmoja akamwelekezea bastola. Pangeni mapema ni nani mwenye mamlaka ya kusimamisha onyesho.

Muuliza swali
Ahsanteni sana. Jumamosi tutarudi kwa wazee pamoja na kijana mwenyewe, tuwaulize kuhusu kila wimbo, na ule watakaoukataa tutauondoa.