Matangazo ya chanjo ya korona huku Lamu hayamsaidii mtu, halafu tunaitwa wakaidi!

Jamani, hili sasa limezidi. Naandika haya mwishoni mwa 2021. Serikali imeshatamka: kufikia tarehe 21 Desemba 2021 asiye na ushahidi wa kuchanjwa hatahudumiwa katika ofisi zake. Haya, tumesikia. Sasa tazameni tangazo tulilobandikiwa gatini: picha ya sindano, "Jitokeze uchanjwe", na nambari ya simu isiyopokelewa. Chanjo gani? Kituo kipi? Siku gani, saa ngapi? Hamna. Watu wasipofika, inaandikwa kwamba watu wa visiwani wanaikataa chanjo.

Kuna jambo moja ambalo lingetangazwa, nusu ya ugomvi huu usingekuwepo. Kichupa cha AstraZeneca kina dozi 10, nusu mililita kila mtu. Kikishatobolewa kina saa 6 tu, kisha kinachobaki hutupwa. Cha Johnson & Johnson kina dozi 5. Pfizer ina taratibu zake: kichupa hutiwa mililita 1.8 za maji ya chumvi ya hospitali, hugeuzwa polepole mara 10 bila kutikiswa, na hutoa dozi 6 za mililita 0.3, nayo ikishachanganywa, ni saa 6. Kwa hiyo wakija watu watatu, mhudumu anaogopa kupoteza dozi, anawaambia warudi siku nyengine. Kwa mtu wa Mkomani, hapa hapa mjini Lamu, kurudi ni kutoka nyumbani na kuingia kichochoroni. Kwa aliyetoka Kizingitini, kisiwani Pate, ni nauli ya boti mara ya pili na siku nzima ya kazi imekwenda bure. Mtu huyo hakukataa chanjo, amerudishwa! Kwa visiwani mimi nasema kichupa kitobolewe hata kwa mtu mmoja, zinazobaki zitupwe. Dozi iliyotupwa italetwa nyengine. Mtu aliyerudishwa mara mbili hatakuja tena, na atawaambia jirani zake wasihangaike.

Na saa za kazi, nani alizipanga? "Saa tatu asubuhi" kila wiki, kama kwamba Pate kuna barabara ya lami. Maji yakitoka, boti haipiti Mkanda, ule mkondo wa bahari wa kwendea Pate. Na maji hayangoji ratiba ya mtu: kila siku hujaa kwa kuchelewa kiasi cha dakika 50. Nahodha yeyote wa Faza au Mtangawanda atakwambia wiki mbili mbele ni siku zipi boti itapita asubuhi. Aulizwe kwanza, ndipo tangazo liandikwe. Kisha lisomwe misikitini Ijumaa, kwa Kiswahili, likitaja kijiji, aina ya chanjo, saa ya kuanza na saa ya kufunga, na dozi ya pili ni ya waliochanjwa mwezi gani, kwa sababu AstraZeneca husubiri wiki 8 hadi 12, si kama Pfizer. Johnson & Johnson, ambayo ni sindano moja tu, ingepelekwa Kiwayu, Kiunga na vijiji vya Waboni, si kumalizwa mjini ambako mtu hurudi kwa miguu.

Linaloniudhi zaidi ni kuficha madhara. Mkono kuuma, homa, kichwa na uchovu siku moja au mbili ni kawaida, na paracetamol hutosha. Mvuvi asipoambiwa, anachanjwa leo, kesho anashindwa kuvuta nyavu, na kijiji kizima kinasema ametiliwa sumu. Aambiwe achanjwe siku ambayo kesho yake hatoki baharini. Aambiwe pia akae kituoni dakika 15 baada ya sindano, na kwa nini: mzio mkali ukitokea, aghlabu hutokea mapema, na dawa yake iko hapo hapo. Kuganda kwa damu baada ya AstraZeneca kupo, ni nadra sana, na semeni hivyo hivyo. Kichwa kikali kisichotulia, pumzi kubana, mguu kuvimba au tumbo kuuma mfululizo, kuanzia siku ya nne hadi wiki ya nne hivi, mtu akimbizwe hospitali. Watu wazima huambiwa ukweli wote. Mkinyamaza, yule wa WhatsApp anayesema chanjo inaleta utasa ndiye atakayesikilizwa, maana yeye angalau anazungumza.

Bado cheti. Jina lako lisipoingizwa katika Chanjo, mfumo wa serikali wa mtandaoni wa kuandikisha waliochanjwa, cheti hakitoki, hata kama umedungwa mbele ya kijiji kizima. Kusiko na mtandao mhudumu huandika daftarini, na daftari hilo linaweza kulala. Mfumo wenyewe unataka nambari ya kitambulisho, na tunajua watu wa huku wanavyozungushwa kukipata. Mwenye kadi ya karatasi aipige picha leo, ionekane tarehe na nambari ya kichupa. Na wahusika watuandikie ni ofisi gani inayosahihisha majina, mlango upi, siku zipi, na madaftari yote ya visiwani yaingizwe kabla ya tarehe 21.