Naomba ushauri: Unreal Engine imeenea kweli kama tunavyoambiwa, au nianze na Unity?

Kijana wa Nyakato

Wakuu, habari za jioni.

Nimemaliza stashahada ya TEHAMA mwaka huu, nipo Mwanza, na kazi ninayoitaka ni kutengeneza gemu. Lugha ya programu ya C++ tulifundishwa chuoni, ya C# nimejisomea mwenyewe kiasi. Nimefika mahali lazima nichague injini moja, yaani programu ya kujengea gemu, niizamie.

Kila ninakopita mitandaoni nakuta watu wanasema tasnia nzima inahamia Unreal. Studio ya CD Projekt Red wameacha injini yao, watengenezaji wa Halo wamehama, hata eFootball tunayocheza vijiweni ni Unreal. Lakini nikifungua matangazo ya kazi za kufanyia nyumbani, hasa za gemu za simu, nakutana na Unity tu. Mwenye uelewa anisaidie: Unreal imeenea kiasi gani hasa? Na huko kuenea kunatosha kuwa sababu ya mtu kama mimi kuitolea miaka yake?

Laptopu yangu ina RAM ya GB 8 na haina kadi ya grafiki ya peke yake. Bando nanunua kwa kujibana. Naombeni mlizingatie hilo.

Mchora Pikseli

Karibu, mdogo wangu. Uliyoyasikia ni kweli ukizungumzia gemu kubwa za konsoli (kama PlayStation) na kompyuta. Ukija kwenye simu, hadithi ni nyingine, na wapo humu watakaokueleza vizuri kuliko mimi.

Unreal ilianza kama injini ya gemu moja tu, iliyoitwa Unreal, mwaka 1998. Epic, kampuni iliyoitengeneza, wakagundua kwamba studio nyingine ziko tayari kulipia ile injini kuliko kujenga ya kwao. Toleo la tatu, lile lililobeba Gears of War mwaka 2006, ndilo lililoifanya ienee kwenye konsoli za kizazi kile. Lakini wakati huo leseni ilikuwa ya wenye pesa. Mtu wa kawaida hakuwa na namna ya kuligusa toleo kamili. Mwaka 2014 toleo la nne likatoka kwa dola 19 kwa mwezi, na Machi 2015 wakaondoa hata hiyo ada: unapakua bure, unalipa mrabaha wa asilimia 5 gemu ikiingiza pesa. Tangu 2020, dola milioni moja ya kwanza ya kila gemu haitozwi mrabaha. Kwa mtu anayeanza, hiyo ni sawa na bure kabisa.

Sasa kwa nini studio zenye uwezo zinaacha injini zao? Watu hudhani ni kwa sababu ya picha nzuri. Picha zimo, ila mimi naona jambo zito zaidi ni wafanyakazi. Ukiwa na injini yako mwenyewe unahitaji kikosi cha wahandisi wanaoihudumia mwaka mzima, na kazi yao mchezaji haioni. Ukiajiri mtu mpya, hata awe fundi wa kiasi gani, lazima umfundishe vifaa ambavyo havipo popote duniani isipokuwa kwako. Akiondoka, anaondoka na ujuzi huo. Ukiwa kwenye Unreal unaajiri mtu Jumatatu, na ndani ya wiki anafanya kazi ya maana. CD Projekt Red walitoa Cyberpunk 2077 kwa injini yao ya REDengine Desemba 2020, ikafika sokoni na matatizo mengi, na Machi 2022 wakatangaza kwamba gemu mpya ya Witcher itajengwa kwa Unreal Engine 5. Halo nao, Oktoba 2024, walipobadili jina la studio kuwa Halo Studios, walisema wazi kwamba baadhi ya sehemu za injini yao ya Slipspace zina umri wa karibu miaka 25, na kuziendeleza kunawala muda ambao ungekwenda kwenye gemu yenyewe.

Tena imewafungulia mlango watu wachache kufanya makubwa. Clair Obscur: Expedition 33 ya Aprili 2025 ilitoka kwa studio ya Ufaransa yenye kikosi cha ndani cha watu kama 30, ingawa walisaidiwa na watu wa nje. Zamani gemu yenye sura ile ilihitaji mamia ya watu.

Hata hivyo usiamini neno "tasnia nzima". GTA inatumia RAGE ya Rockstar. EA Sports FC inatumia Frostbite. Call of Duty za konsoli zina injini yao. Capcom wana RE Engine, na Zelda za Nintendo zinajengwa kwa vifaa vyao wenyewe. Hizo zote ni gemu zinazouza sana duniani, na hakuna hata moja iliyo Unreal.

Ramani na Kuta

Naongezea upande ambao mleta uzi hakuuliza lakini unaweza kumlisha. Mimi nipo Dar, nachora majengo. Unreal naitumia kila siku na sijawahi kutengeneza gemu hata moja. Mteja anayejenga akiwa nje ya nchi anataka kuona sebule yake kabla hajatuma pesa ya msingi. Unampa nyumba anayoweza kutembea ndani yake, jua la asubuhi likiingia dirishani. Kuna programu ya Twinmotion pia, iliyo mikononi mwa Epic tangu 2019, rahisi zaidi kwa anayetoka kwenye ramani.

Kwenye filamu nako imeingia. Msimu wa kwanza wa The Mandalorian, 2019, waigizaji walisimama mbele ya ukuta mkubwa wa LED na mandhari nyuma yao ikachorwa na Unreal papo hapo, kamera ikisogea nayo inasogea. Hata vioo vya dashibodi ya Hummer ya umeme vinaendeshwa nayo. Kwa hiyo ukiuliza imeenea kiasi gani, usihesabu gemu peke yake.

Kuhusu malipo: tangu Aprili 2024 kampuni zisizo za gemu zinatakiwa kulipa dola 1,850 kwa kila kiti, yaani kila mtumiaji, kwa mwaka, lakini ni zile tu zenye mapato ya zaidi ya dola milioni moja kwa mwaka. Sisi wa ofisi ndogo haitugusi.

Ila kaka, kwa mashine uliyoitaja, hapana. Epic wenyewe wanapendekeza RAM ya GB 32 na kadi ya grafiki yenye GB 8. Utakaa unatazama duara linazunguka.

Mjaluo wa Ziwani

Salamu kutoka Kisumu. Mimi nafanya gemu za simu, na jibu langu ni la moja kwa moja: ukitaka kazi za simu, ni Unity.

Angalia gemu ambazo watu wanacheza ndani ya matatu. Free Fire ni Unity. Subway Surfers ni Unity. Call of Duty: Mobile, ijapokuwa ndugu yake wa konsoli hana uhusiano nayo kiinjini, ni Unity. Pokémon GO, Genshin Impact, Among Us, zote Unity. Kampuni yenyewe imekuwa ikitangaza kwamba zaidi ya asilimia 70 ya gemu 1,000 zinazoongoza kwenye simu zimetengenezwa kwa injini yake. Ni kampuni inajisifu, sawa, lakini ukifungua gemu moja moja huoni sababu ya kubisha sana.

Na haikutokea tu. Unity ilizaliwa Copenhagen. Kampuni ilianzishwa 2004, injini ikatoka 2005 kwa ajili ya kompyuta za Mac, wakati karibu kila mtu aliyetengeneza gemu alikuwa anafikiria Windows. Duka la programu la iPhone lilipofunguliwa 2008, Unity walikuwa kati ya wa kwanza kuwapa watengenezaji njia ya kuingia, kwa bei ambayo kijana angeweza kulipa. Wakubwa walikuwa wanaitazama simu kama kitu cha kupitishia muda. Soko likakua, na waliojifunzia Unity wakawa ndio wanaoajiri wengine.

Unreal kwenye simu ipo, nisiwe mwongo. PUBG Mobile ni Unreal, na eFootball yako pia; kwenye konsoli Konami waliiacha injini yao ya Fox mwaka 2021. Lakini hao wana vikosi vikubwa vya kubana kila kitu kiingie kwenye simu ya bei ya chini.

Msafiri wa Usiku

Mjaluo umesema kweli, ila mpe na upande wa pili. Mtu akiweka riziki yake yote kwenye injini ya kampuni, ajue kampuni inaweza kubadilisha masharti akiwa katikati ya safari.

Tarehe 12 Septemba 2023 Unity walitangaza kwamba kuanzia Januari 2024 wangetoza ada kila gemu inaposakinishwa, hadi senti 20 za dola kwa usakinishaji mmoja kwa wenye leseni ya chini, ukishavuka kiwango fulani cha mapato na idadi ya usakinishaji. Fikirieni gemu ya bure inayoishi kwa matangazo. Katika masoko kama yetu mchezaji mmoja anaweza kukuingizia senti moja au mbili kwa maisha yake yote ndani ya gemu. Halafu udaiwe senti 20 kwa sababu tu alisakinisha! Na iligusa hata gemu zilizokwisha kutoka. Watu walikasirika kwa haki. Ndani ya siku kumi kampuni ikalegeza masharti, Oktoba mkurugenzi mkuu John Riccitiello akaondoka, na Septemba 2024 ada yenyewe ikafutwa kwa gemu.

Wapo waliorudi. Wengine hawakurudi, walikwenda Godot, injini ya chanzo huria iliyoanzishwa na Juan Linietsky na Ariel Manzur wa Argentina na kufunguliwa kwa umma mwaka 2014. Haina mrabaha, haina ada, na hakuna anayeweza kukunyang'anya toleo ulilonalo. Re-Logic, wenye Terraria, waliichangia dola 100,000 mwezi uleule wa Septemba 2023. Na kwa mtu wa bando la kujibana: kuipakua ni chini ya MB 200. Unreal ni makumi ya GB.

Mjaluo wa Ziwani

Godot naiheshimu, lakini kazi za Godot ni chache. Kijana amesema anataka kuajiriwa. Leo Unity Personal ni bure mpaka mapato yako yafike dola 200,000 kwa mwaka. Huyo atafika huko lini? Akifika, atalipa leseni akiwa anacheka.

Msafiri wa Usiku

Sijamkataza Unity. Ninachosema ni kwamba asijifunze vitufe vya injini akadhani amejifunza kazi.

Chuma Moto

Mimi natofautiana na wote. Kama unajua C++ nenda Unreal, ndiko kwenye mishahara. Kazi za studio kubwa Ulaya na Marekani zinalipa mara kadhaa ya hizo za simu. Utajibana mwaka mmoja, utanunua mashine.

Mchora Pikseli

Chuma Moto, mishahara ni kweli. Lakini soma hayo matangazo hadi mwisho. Studio nyingi za gemu kubwa zinataka mtu ambaye jina lake limo kwenye gemu iliyokwisha kutoka, tena kubwa. Injini kutumika na wengi maana yake pia wanaoijua ni wengi, na unapanga nao foleni moja, wakiwemo waliopunguzwa kazini kwenye studio zilizofungwa miaka hii. Kijana wa Mwanza ambaye bado hajamaliza gemu hata ndogo ataitwa kwa lipi? Kwenye simu unaweza kutoa gemu yako mwenyewe, ikawekwa dukani, na ukamtumia mwajiri kiungo. Hiyo inasema zaidi ya cheti.

Kijana wa Nyakato

Nawashukuru wote, nimesoma kila jibu zaidi ya mara moja. Maswali mawili. La kwanza, nikianza Unity au Godot halafu baadaye nikaja kuhamia Unreal, nitakuwa nimepoteza muda? La pili, gemu ninayotaka kuanza nayo ni bao la Kiswahili la kwenye simu, la kucheza na mtu au na mashine, bila intaneti. Nimekua namwangalia babu akicheza, na nataka sheria zake ziwe sahihi, zisirahisishwe.

Ramani na Kuta

Sasa hii ndiyo taarifa uliyotakiwa kuanza nayo kaka! Bao la simu kwa Unreal ni kujitesa. Mradi mtupu ukiufungasha kwa Android unakula makumi ya MB kabla hujaweka hata kete moja.

Msafiri wa Usiku

Kuhusu kuhama: vekta, migongano, jinsi fremu moja inavyokokotolewa, jinsi ya kutafuta kinachopunguza kasi, hivyo vyote unahama navyo. Majina na menyu unajifunza upya, na ni kazi ya wiki chache, siyo miaka. C++ usiiache, endelea kuifanyia mazoezi pembeni, ndiyo itakayokupokea Unreal siku ukipata mashine.

Mchora Pikseli

Kwa bao, nenda hivi. Kabla hujafungua injini yoyote, andika sheria peke yake kwa C# ya kawaida, bila picha. Mashimo 32, kete 64, nyumba, hatua ya namua (kuingiza kete ubaoni) kisha ya mtaji (kucheza na zilizokwisha kuingia), lini mtu analazimika kula, lini anatakata (anacheza bila kula). Cheza kwa kuandika namba tu kwenye skrini nyeusi mpaka babu akubali kwamba mashine haidanganyi. Laptopu yako itaweza hilo bila kutoa jasho. Ule msimbo ukishakuwa sahihi, unaupeleka Unity na kuuvisha ubao, kete na sauti. Ukija kuamua Godot, kumbuka C# yake kwa Android bado haijakomaa kama ya Unity. Hapo huenda ukalazimika kuiandika upya kwa GDScript, lugha ya Godot yenyewe.

Ukipata pesa kidogo, weka RAM ya pili ifike GB 16 kabla ya kitu kingine chochote.

Mjaluo wa Ziwani

Na hatua ya kucheza na mashine ikikushinda, fungua uzi mwingine humu, uweke msimbo wako. Mimi na wenzangu hapa Kisumu tutaupitia. Ujue pia mapema simu utakayoijaribia: tafuta ya RAM ya GB 2 iliyotumika, siyo simu yako nzuri, kwa sababu wazee watakaocheza bao hilo ndizo wanazo.

Kijana wa Nyakato

Ninayo ya mama, ni GB 2 kamili. Naanza na sheria wiki hii, nikikwama kwenye namua narudi.