Tupeane uzoefu: mtoto mkorofi darasani, ulimfunza afanye nini badala yake?

Mwalimu Kikapu: Leo kijana kanipokea kikapu sokoni Chake Chake, huku Pemba, "Shikamoo mwalimu," nikabaki kumtazama. Ndiye yule! Darasa la nne, mkondo wa mchana, watoto themanini na kitu. Kila nikisema "haya, tusome," anamzaba kibao aliye karibu. Namtoa nje. Kesho yale yale. Siku moja akampiga mwenzake kwa ubao wa dawati, damu, mama mtu kaja anapiga kelele uwanjani. Nikamtandika bakora mpaka mkono ukaniuma mie. Hakulia. Usiku ule sikulala. Ndipo ikanijia: hajui kusoma, na kila akipiga mtu mimi namtoa nje, nampa kile kile anachokitaka! Nikampa konyo la karafuu, kile kijiti kinachobaki karafuu zikichambuliwa. "Ukikwama liweke juu ya dawati, nitakuja, hapana atakayejua." Wiki ya kwanza konyo halikutoka juu ya dawati. Nilikwenda kila mara, miguu ikawaka moto.

Bint Mkoani: Wallahi ndivyo. Wengi wanaficha kutojua.

Mzee wa Bakora: Makonyo! Sisi tulichapwa tukawa watu.

Bint Mkoani: Watu gani, sheikh? Sheria ya Mtoto ya Zanzibar ya 2011 haikukupa ruhusa ya kumuumiza mtoto wa mwenzio.

Mzee wa Bakora: Njoo basi ushike wewe darasa la watu themanini, bibie.

Mpeta: Mmenikumbusha. Mwanafunzi wangu mmoja msimu wa karafuu hutoroka kwenda kuokota mpeta, zile karafuu zinazoanguka chini ya mikarafuu. Nikafunga mlango. Akaruka dirishani, akapanda mkarafuu nyuma ya skuli, hashuki! Tangu saa nne. Mkuu chini anabembeleza, sheha, mkubwa wa mtaa, kaitwa, darasa zima madirishani.

Ngalawa: Ikawaje??

Bint Mkoani: Subhanallah, na tawi la mkarafuu linavyokatika!

Mzee wa Bakora: Sheha alifuata nini, kuandika ripoti ya mti?

Mpeta: Alishuka kwa adhana ya Alasiri. Njaa. Kesho yake nikamwambia leo wewe ndiye utakayetutungia hesabu: pishi ngapi, shilingi ngapi, tajiri kakupunja ngapi. Siku za hesabu hakosi tena. Siku nyingine… msimu ukiwa mzuri simuoni.

Ngalawa: Mpe ukiranja wa kengele, atatulia.

Mwalimu Kikapu: Thubutu. Nilimpa mmoja, akatugongea ya kwenda nyumbani saa nne na nusu. Skuli nzima ikaondoka.