Naomba ushauri: nimwelezeje Sir John Eliot kwa Kiswahili?

Ndugu zangu, ninaandaa makala kuhusu Sir John Eliot, mbunge wa Uingereza aliyezaliwa Cornwall mwaka 1592, nami nimekwama mahali pawili. Kwanza ni tabaka lake: alikuwa mwenye mashamba na heshima zake, lakini hakuwa lodi. Nikimwita kabaila naona kama namtukana, na nikimwita mwinyi nampeleka pwani isiyo yake. Ninyi mngetumia neno gani?

La pili ndilo zito. Eliot alipanda cheo kwa kubebwa na Buckingham, kipenzi cha mfalme, kisha mwaka 1626 akawa miongoni mwa waliomshtaki bungeni mfadhili huyo huyo. Je, niliandike jambo hilo kama dhamiri iliyoamka, au kinyongo? Mimi naelekea kwenye dhamiri, kwa kuwa baada ya vurugu za Machi 1629, Spika alipokandamizwa kitini ili kikao kisiahirishwe, Eliot alikataa kukiri kosa hadi akafia kifungoni katika Mnara wa London mwaka 1632, na Charles wa Kwanza hakuruhusu hata maiti yake irudishwe Cornwall. Mliowahi kuandika wasifu wa namna hii, naomba mniongoze.