Jirani kaingia mita 4 kwenye kiwanja changu: polisi, kata, Baraza la Ardhi au Mahakama Kuu?

Minyaa_Chanika: Wakuu heshima kwenu. Kiwanja changu kipo huku Chanika, Dar, nilinunua 2015, mkataba tuliandikishana serikali ya mtaa, hakijapimwa. Juzi nafika nakuta jirani kang'oa minyaa yote ya mpakani na kachimba msingi ndani kwangu kama mita 4 hivi, namuuliza ananijibu "mpaka umeuonea wapi". Shemeji anasema nikamfungulie polisi alale ndani siku mbili atanyooka, wengine Baraza la Ardhi, wengine Mahakama Kuu kabisa. Hela ya wakili ninayo ila sio ya kuchezea. Ipi inalipa?

Babu_wa_Mpakani: Polisi achana nako kijana. Mi nilimfungulia mtu kesi ya kuingia kwa jinai, tumezunguka karibu mwaka, mwisho hakimu anasema hapa hata mwenye ardhi hajulikani, kamalizaneni kwanza kwenye madai. Jamaa kaachiwa, kafika mtaani anatamba eti mahakama imempa kiwanja, na watu wakamwamini!

Mama_Karani: Mdogo wangu kata huwezi kuiruka hata ukitaka. Zamani baraza la kata lilikuwa linahukumu, tangu sheria ibadilishwe 2021 kazi yake ni kusuluhisha tu. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halikupokei mpaka uwe na hati ya kata kwamba usuluhishi umeshindikana, ila siku 30 zikipita hawajasuluhisha unaenda tu. Na kule kata mawakili hawaruhusiwi kwaiyo hela yako inabaki mfukoni kwanza.

Kishoka_Mstaafu: Kata ni kupoteza muda tu, watakunywesha soda mpatane jirani aendelee kujenga. Mi ningepanda Mahakama Kuu moja kwa moja, hukumu za baraza la wilaya zinafutwa kila siku.

Mama_Karani: @Kishoka_Mstaafu unampoteza mwenzio. Baraza la wilaya linasikiliza madai ya ardhi mpaka thamani ya milioni 300, sasa mita 4 za Chanika zina thamani gani? Shauri linafunguliwa ngazi ya chini yenye uwezo nalo. Mahakama Kuu ingekuwa umevamiwa na halmashauri, hapo unawapa kwanza notisi ya siku 90 kwamba utawashtaki, na Mwanasheria Mkuu anaunganishwa kwenye kesi. Ila la kufutwa hujakosea. Mwenyekiti anakaa na wazee wa baraza wawili wanaompa ushauri, na maoni yao yanatakiwa yawe kwa maandishi yasomwe mbele yenu kabla ya hukumu. Hukumu kibao zimefutwa huko juu kisa hicho tu, watu wanaanza upya baada ya miaka sita saba. Kwaiyo siku hiyo we na wakili wako hakikisheni yamesomwa na imeandikwa kwenye mwenendo, yaani kumbukumbu za kesi, hata kama umeshaona unashinda. Usione aibu kumkumbusha mwenyekiti.

Minyaa_Chanika: Asante dada. Sasa huo msingi si atakuwa ashapaua mpaka tufike huko?

Wakili_Mtaani: Ukifungua shauri wilayani peleka pamoja na maombi ya zuio la muda, mkae kama mlivyo mpaka kesi iishe. Sasa hivi piga picha msingi na mashina ya minyaa kabla hajayachoma. Ila mkuu nikwambie ukweli, hapa unauliza mahakama gani wakati kesi ya mpaka wa kiwanja kisichopimwa inabebwa na mashahidi. Mkataba wako umetaja majirani wa pande zote nne? Umeandika hatua ngapi? Na aliyekuuzia yuko wapi, maana huyo ndo anajua alikata wapi. Ombeni pia baraza lije lione eneo lenyewe, kwenye makaratasi mita 4 hazionekani.

Minyaa_Chanika: Mkataba umetaja majirani ila hatua hatukuandika, tulipima kwa kamba tu. Mzee aliyeniuzia alirudi kwao Newala, simu haipatikani.

Babu_wa_Mpakani: Na alikuwa mzee tangu 2015. Mfuate mwenyewe kabla hujalipa wakili hata shilingi.

Minyaa_Chanika: Kesho asubuhi napiga picha afu naingia kata kuandikisha. Ijumaa nitakuwa kwenye basi la Newala.